Wimbo wa Tatu

Desemba iliyopita nilikuwa nimekaa mahali ninapokaa siku zote, yaani barazani, miguu juu ya ndoo iliyopinduliwa, nikisubiri chai iive bila kuisaidia. Watu wa hapa Kirua Vunjo husema mimi ndiye mtu pekee mlimani ambaye hata akipotea wanajua pa kumkuta. Geti likafunguliwa, akaingia mwanaume mnene mwenye upara, kavaa koti la suti kwenye jua la mchana, mkononi kashika jani la sale lililofungwa fundo. Hakupiga hodi. Alisimama katikati ya uwanja, akalinyoosha lile jani kwa mikono miwili kama mtu anayekabidhi kichanga, akasema, "Kuku, nimekuja."

Kuku ni mimi. Jina langu la ubatizo ni zuri tu, lakini walioniita Kuku wakati ule waliona ninavyokaa ndani kama ninayeatamia, na jina likanata. Aliyeliasisi ndiye huyo aliyekuwa amesimama uwanjani na jani, Elisante, ambaye sisi tulimwita Sante. Alikuwa ametoka Songea, ambako ana mashine ya kukoboa mahindi na, kwa macho yangu, anakula sehemu kubwa ya mapato. Mama yangu tulimzika wakati wa masika. Rafiki yetu Kanuti alikuja, akabeba jeneza, akachimba, akalia kuliko mimi. Sante hakuja. Huku kwetu anayekosa mazishi ya jirani huzungumzwa wiki nzima, na anayekosa mazishi ya mwanamke aliyemlisha mwaka mzima huzungumzwa mpaka azikwe yeye. Ndiyo sababu ya lile jani. Sale ni mmea tunaoupanda mipakani mwa vihamba, mashamba yetu ya migomba, na makaburini, na ukimkosea mtu unachuma jani lake, unalifunga fundo, unampelekea. Mwenye kupelekewa hana ujanja. Atanuna, atasaga meno, lakini atasamehe, maana kulikataa sale ni kujitafutia mabaya ambayo hakuna aliyewahi kusubiri kuyaona.

Basi nililipokea. Na nilipolipokea, badala ya kulia kama ilivyopasa, nikacheka mpaka nikaangusha ndoo. Sante akanitazama, midomo ikamcheza, naye akacheka. Maana mara ya mwisho mtu huyu kubeba sale mkononi, wazee wa pande mbili za bonde walilazimika kukaa kitako na kusikiliza hip hop.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini. Nilikuwa nimemaliza kidato cha nne na matokeo yangu hayakuwa mabaya kiasi cha kugombezwa wala mazuri kiasi cha kuendelea, kwa hiyo nyumbani kukanipokea bila maneno. Nilipewa chumba cha uani. Ukuta mmoja wa chumba hicho ulikuwa pia ukuta wa banda la ng'ombe, na ukilala ulimsikia Malkia, ng'ombe wetu, akicheua upande wa pili kama mzee anayetafuna jambo aliloambiwa jana. Dirisha halikuwa na kioo, lilikuwa na mfuko wa unga. Kuta tulizibandika magazeti, na kwa kuwa nilikuwa mtu wa kulala mchana, nilizijua habari za miaka mitatu nyuma kwa moyo. Pembeni yalikuwa magunia ya kahawa. Wanunuzi binafsi walikuwa wameanza kupita na magari yao, kila mmoja na bei yake, na Mama akasema hauzi mpaka bei ipande. Haikupanda. Ndiyo maana mwaka mzima ule tulikuwa na viti.

Mimi nilikuwa na redio. Lazima niliseme hilo mapema, maana ndiyo sababu pekee ya watu kunitembelea. Ilikuwa redio kaseti ya spika mbili, moja imekufa, kifuniko cha kanda kimeng'oka, na kanda ilishikiliwa na mpira wa kufungia noti. Sante alikuwa na kanda. Alikulia Dar, akafeli huko, akaletwa mlimani kwa baba yake mkubwa, Mzee Klementi, ili ng'ombe na baridi vimfundishe maisha. Alishuka na begi moja la nguo na mfuko wa rambo uliojaa kanda zisizo na majalada wala majina, zimerekodiwa kutoka kanda nyingine ambazo zenyewe zilirekodiwa kutoka kanda nyingine. Kanuti alikuwa na betri. Alishusha ndizi Himo siku za soko, kwa hiyo alikuwa na chochote mfukoni, na betri zikichoka alizianika juu ya bati letu mchana kutwa, zikapata nguvu ya nyimbo mbili tatu tena. Ndivyo tulivyokuwa: redio, kanda na betri. Mmoja akikosekana, wawili waliobaki walikuwa watu wawili tu waliokaa kwenye kahawa.

Tulichokuwa tukifanya mle ndani ni kubishana. Vijana wengine walikunywa, wengine walitongoza, sisi tulipanga nyimbo. Upi wa kwanza, upi wa pili, upi hata ukiwa wa ishirini umependelewa. Kulikuwa na sheria. Kanda ilirudishwa nyuma kwa kuizungusha kwenye kalamu, ili tusile betri, na aliyeshika kalamu ndiye aliyekuwa na neno. Wengine walipaswa kunyamaza mpaka kanda irudi. Sante alikuwa akizungusha polepole makusudi. Kwa kuwa nyimbo hazikuwa na majina, tulizipa sisi. Kulikuwa na King'ora, kulikuwa na Wale Wanne, kulikuwa na Mzee wa Kukohoa. Hata leo nikikutana na mtu anayezijua nyimbo hizo kwa majina yao halisi naona kama anaongelea watoto wa wenzake.

Wimbo wa Sante ulikuwa Mlango. Ulianza na mlango unaobamizwa, kwa kishindo, kisha kimya, kisha ngoma inaingia kama mtu anayepanda ngazi kwa hasira. Mama, jikoni, hakuuzoea mpaka mwisho. Kila mlango ulipobamizwa alisikika, "Karibu!" na kikombe kikawekwa. Sante aliapa kwamba haujatungwa wimbo wa hip hop kuupita ule na hautatungwa. Tulipomuuliza jamaa anasema nini, alitufasiria, maana yeye ndiye aliyetoka mjini. Shida ni kwamba tafsiri ilibadilika. Jumatatu jamaa alikuwa anakimbizwa na polisi. Alhamisi alikuwa ameachwa na mke. Siku moja Sante akiwa na homa, jamaa akafiwa na bibi yake.

"Juzi si ulisema anakimbizwa?" Kanuti akauliza.

"Anakimbizwa, mshikaji, halafu bibi anafariki. Mambo mawili. Wenzetu wanaweka mambo mawili kwenye wimbo mmoja."

Wimbo wa Kanuti ulikuwa wa Kiswahili. Siku hizi mtu akisikia hivyo haoni ajabu, lakini wakati ule kuweka rapu ya Kiswahili juu ya orodha ilikuwa kama kuleta makande kwenye harusi. Redio mpya zilikuwa zimeanza kusikika, zikikatika kila wingu lilipopita, na Kanuti aliunasa wimbo huo asubuhi moja, amesimama juu ya jiwe na redio yangu kichwani. Mwanzo ulikuwa umekatika, na mwisho mtangazaji aliingia na tangazo la dawa ya kuku. Tuliuita Benchi. Ulimhusu kijana aliyekaa kwenye benchi nje ya ofisi akisubiri kuitwa kazini, anaambiwa leo, anaambiwa kesho, anawajua wafagizi wote kwa majina. Hakuna aliyepiga kelele ndani yake. Jamaa aliongea tu, taratibu, kama anaongea na wewe. Kanuti aliusikiliza ameinamisha kichwa, na mimi, niliyekuwa siwezi kuamua hata nile nini, nilisema zote nzuri. "Kuku anaatamia mayai ya pande zote," Sante akasema.

Na kulikuwa na Mama. Alikuwa akiingia na sinia la kiburu, ndizi na maharage yaliyopondwa pamoja mpaka hujui kipi kimeshinda, analiweka juu ya gunia, halafu haondoki. Alijifanya anaangalia paa linavuja wapi. Tulijua anachosubiri. Upande wa pili wa mojawapo ya kanda za Sante, mwishoni kabisa, kulikuwa na wimbo wa taratibu ambao mwanaume aliongea na mwanamke akamwitikia kwa sauti ya chini, kama aliyefika nyumbani kutoka shamba la mbali. Tuliuita Dada Aliyechoka. Haukuwa na mwisho. Kanda iliisha kabla ya wimbo, kitufe kikaruka, tk, dada akakatwa katikati ya pumzi.

"Mbona mnamnyamazisha?" Mama alisema kila mara.

"Kanda imeisha, mama."

"Kila akitaka kusema neno la maana kanda inaisha. Na huyo mwanaume anaongea kama ana ndizi ya moto mdomoni. Angemwachia mwenzake."

Kisha akaenda bandani kukamua, na kupitia ukutani tukamsikia akiuendeleza, kwa maneno ya Kichagga aliyoyatunga yeye, na Malkia akitoa maziwa kwa mpigo uleule. Sante alisema wimbo unaosifiwa na ng'ombe hauwezi kuingia kumi bora. Kanuti alisema ni ishirini bora. Hivyo ndivyo ulivyobaki, nje ya mashindano, kama mtoto wa dada aliyekuja likizo.

Ugomvi ulitokea siku ya mvua. Bati lilikuwa linapiga kelele kuliko redio, tukaacha muziki tukabaki na maneno, na maneno bila muziki ni hatari. Kanuti alikuwa na kalamu. Alikuwa anaeleza, kwa mara nyingine, kwamba Benchi unashinda Mlango kwa sababu akiusikia anamwona mtu. Sante, ambaye hakuwa na zamu, akamkatiza. "Unamwona mtu kwa sababu unaye nyumbani. Huo wimbo unaupenda kwa ajili ya kaka yako. Kila siku yuko pale njia panda, kwenye benchi. Hiyo sio hip hop, mwanangu, hiyo ni picha ya familia."

Mvua iliendelea. Kaka yake Kanuti, Beda, alikuwa amepunguzwa kazi kiwandani Moshi mjini mwaka uliotangulia, na ilikuwa kweli kwamba alikaa pale barabarani tangu asubuhi, kanyoa ndevu, kavaa shati la kazini. Hakuna aliyekuwa akilisema. Kanuti aliweka kalamu chini juu ya gunia, taratibu. "Na wewe unayejua Kiingereza cha kutufasiria," akasema, "mbona mtihani wa Kiingereza ulikushinda?" Akafungua redio nyuma, akatoa betri zake moja moja, akazitia mfukoni, akaondoka kwenye mvua na mfuko unamning'inia kama una mawe.

Siku zilizofuata ndipo nilipojifunza ukweli kuhusu mimi mwenyewe. Nilikuwa najiona mtu mwenye marafiki. Kumbe nilikuwa na chumba chenye marafiki. Kanuti hakuja, na kwa kuwa Kanuti hakuja hakukuwa na betri, na kwa kuwa hakukuwa na betri Sante alikuja mara mbili, akakaa na mfuko wake wa kanda kimya, akaacha kuja. Kutoka kwetu kwenda kwa kina Kanuti ni mteremko, mfereji na mpando mfupi. Nilifika mpaka mferejini, nikaona mpando, nikarudi. Mama aliendelea kuleta sinia la watu watatu. Nilikula la watu watatu. "Wenzako wako wapi?" akauliza. Nikasema wana kazi. "Na wewe huna miguu?" Malkia naye alipunguza maziwa. Mama alisema ni majani. Mimi nilijua ni kimya. Nilianza kuelewa kwamba kama hawa wawili wasipopatana, nitaishi mle ndani na magazeti yangu mpaka nizeeke, na mtu wa mwisho kuniita kwa jina langu la utani atakuwa mama yangu.

Sante naye, kumbe, alikuwa halali. Neno lile kuhusu Beda lilimkaa kooni. Hakujua aanzeje, maana Dar, alituambia baadaye, ukigombana na mshikaji unamnunulia soda na yanaisha. Lakini alikuwa amemsikia baba yake mkubwa akisimulia habari za sale, na kwa akili yake ya mjini akaona ni kitu kama kadi ya pole, ila cha bure. Akachuma jani mpakani, akalifunga fundo, akaenda kwa kina Kanuti. Kanuti hakuwepo. Alikuwepo bibi yake, Bibi Apolonia, anachambua maharage. Sante akamwamkia shikamoo vizuri, akampa jani, akasema, "Bibi, nimemkosea Kanuti. Nimeikosea na nyumba hii. Naomba mnisamehe." Kisha akaona haya, akakimbia.

Sasa jiweke mahali pa Bibi Apolonia. Katika maisha yake masale alikuwa ameyaona yakiletwa kwa mtu kuuawa, kwa nyumba kuchomwa moto, na kwa binti kutoroshwa. Leo kijana wa Dar, mwenye suruali inayoshuka, kaleta jani, kasema ameikosea nyumba, na kakimbia. Bibi hakumaliza maharage. Dada yake Kanuti, aliyekuwa kwa jirani anasukwa, aliitwa na kichwa nusu, akaulizwa maswali mpaka akalia bila kujua analilia nini. Ng'ombe wakahesabiwa. Mbuzi wakahesabiwa. Vyote vilikuwepo, na hilo likamtisha Bibi zaidi, maana kosa lisiloonekana ndilo baya. Akatuma ujumbe kwa Mzee Klementi: mtoto wako ameleta sale, tukutane Jumapili, na mbege, pombe yetu ya ndizi, ije na mkosaji. Mzee Klementi, ambaye hakujua lolote, alimkuta Sante anaosha viatu akamuuliza kwa sauti ya upole kabisa, "Baba, umemuua nani?"

Walipogundua kwamba kosa, liwe lipi, lilifanyika kwenye chumba changu, kikao kikahamishiwa kwetu. Mama alisema hawezi kukalisha wazee bila mtori, supu yetu ya ndizi, na kwa mara ya kwanza nilitumwa kumenya ndizi nikamenya bila kunung'unika, kwa hofu. Kina Kanuti, Wakatoliki, waliwahi kutoka misa ya kwanza. Mzee Klementi, mzee wa usharika wa Kilutheri, alichelewa, na tukamngoja na mtori ukipoa, kila mtu akitazama miguu yake. Beda alikuja pia, akakaa nyuma. Mbege ilikuwa kwenye debe katikati ya uwanja, na hakuna aliyeruhusiwa kuigusa mpaka kosa litajwe.

"Haya," Mzee Klementi akasema alipokwisha kukaa. "Elisante, lisimamie jani lako. Umefanya nini?"

Sante akasimama. "Meku," akasema, kama tunavyowaita wazee, "nilisema wimbo wa Kanuti ni mbaya."

Hata Malkia aliacha kucheua.

"Wimbo," akasema Mzee Klementi.

"Ndiyo, meku."

"Wimbo gani?" akauliza Bibi Apolonia. "Wa kwaya?"

"Wa hip hop, bibi."

Bibi akamgeukia Mama. "Hiyo hip hop ni ugonjwa?"

Hapo ndipo wengine wangetufukuza kwa fimbo na kunywa mbege yao kwa amani. Lakini sale lilikuwa limeshapokelewa, na sale halirudishwi kwa kuwa sababu yake ni ya kijinga. Kesi ilikuwa kesi. Mzee Klementi alijikuna kidevu, akasema hawezi kuamua ugomvi wa vitu asivyoviona, na vyote viwili vije mbele. Kanuti, ambaye alikuwa hajasema neno tangu siku ya mvua, akaingiza mkono mfukoni akatoa betri. Alikuwa nazo. Alizibeba kutoka kwao, Jumapili, na nguo za kanisani. Alilala akiwaza nini usiku wa jana yake? Sijui. Ninachojua ni kwamba nilipoziona zile betri nilijua chumba changu kimerudi.

Tuliweka redio juu ya kinu. Ulianza Mlango. Uliposikika ule kishindo, Mama akasema "Karibu!", wote wakageuka getini, na Mzee Klementi akanyanyuka nusu kumpisha mgeni kiti. Kisha ngoma ikapanda. Walisikiliza kwa adabu kubwa, wamekunja mikono, kama wanaosikiliza risala ya mkuu wa wilaya.

"Amekasirika," Bibi akasema mwisho. "Kwa nini?"

"Amefiwa na bibi yake," nikasema haraka, na Sante akanitazama kwa shukrani.

"Aa, maskini. Huyo ana haki. Wa pili?"

Benchi ukaanza, katikati ya sentensi kama kawaida yake. Nilidhani utashinda, maana ulikuwa wa Kiswahili na wangeelewa. Walielewa, na hiyo ndiyo ikawa shida. Bibi Apolonia alisogeza sikio. Uso ukaanza kubadilika. "Subiri," akasema, "huyu amekaa hapo tangu asubuhi?" Ndiyo, bibi. "Na jana pia?" Ndiyo. "Na kwao hakuna shamba? Baba yake hana migomba? Amewaachia nani magugu?" Mtangazaji akaingia na dawa ya kuku, na hiyo Bibi akaisikiliza mpaka mwisho, akasema angalau huyu ana kazi. Watu wakacheka. Kanuti hakucheka. Alikuwa anatazama ardhi, masikio yamewaka, na Mzee Klementi, ambaye hakuwa mjinga, akaliona hilo.

"Kanuti, mwanangu," akasema. "Wimbo ni wimbo. Aliyeutukana hakukutukana wewe. Kilichokuuma ni nini?"

Mimi nikatazama sufuria. Na kule nyuma Beda akakohoa kidogo, akasimama na shati lake la kazini lililopigwa pasi.

"Kilichomuuma ni mimi," akasema. "Walisema ni wimbo wangu. Sikuwepo, ila njia panda husikia yote." Akasogea, akaweka mkono juu ya redio. "Nimeusikiliza leo kwa makini. Una kosa moja. Huyu jamaa anasema ameegemea mpaka mgongo umeuma. Benchi lake lina mgongo! Letu ni ubao juu ya matofali. Huyo amekaa kifahari, hawezi kutusemea sisi."

Aliyeanza kucheka ni Kanuti. Alicheka kama mtu anayetapika, kwa kushtukiza, akiwa ameshika tumbo, na machozi yanamtoka, na Sante akamfuata, akamshika bega, akasema, "Nisamehe, kaka. Nisamehe wewe na kaka Beda." Kanuti akasema, "Na mimi ule mtihani, nisamehe." "Ule mtihani," Sante akasema, "hata ungeniletea hapo leo ningefeli tena." Bibi Apolonia akachota mbege kwa kata, akampa Kanuti, Kanuti akanywa akampa Sante, Sante akanywa akakunja uso, maana hakuwa ameizoea, na Mama akaanza kugawa mtori.

Lakini Mzee Klementi alikuwa hajamaliza. Aligonga debe kwa fimbo. Alisema hataki kuitwa tena Jumapili kwa ajili ya mlango na benchi. Kesi ya wimbo wa kwanza na wa pili imefungwa kwa sale. Zote mbili zikae juu, na asiulizwe mtu ipi iko juu ya nyingine. Atakayeifufua, awe nani, awe wapi, atatoa debe la mbege.

Kanuti, aliyepona kabisa, akanyoosha kidole. "Meku, na wa tatu?"

"Wa tatu," akasema Mzee Klementi, akipokea bakuli lake, "bishaneni mpaka mfe."

Tumefanya hivyo. Mwaka ule ulipoisha Sante alishuka kwenda kutafuta maisha, kahawa ikauzwa kwa bei ileile, viti vikaondoka. Kanuti ana duka la vipuri vya pikipiki Himo. Beda alijifunza useremala, na mabenchi yake yote yana migongo. Mimi niko hapa. Kwa barua, kwa simu ya kubipu, na siku hizi kwa meseji za sauti zinazoniamsha asubuhi, hoja imekuwa hiyohiyo: wa tatu. King'ora kimewahi kukaa hapo miaka kadhaa. Mzee wa Kukohoa aling'olewa kwa fitina. Nyimbo mpya zimekuja, za vijana ambao hawakuwa wamezaliwa, tumezijadili, tumezikataa. Hatujawahi kuafikiana, na nadhani ndiyo sababu hatujawahi kupoteana, isipokuwa masika yale, Sante alipokaa kimya, na mimi nikaogopa kwamba safari hii betri zimeondoka kweli.

"Gari liliharibika njiani," alikuwa ananiambia sasa, barazani, chai imeiva yenyewe. "Lakini sio hilo. Lilipotengenezwa ningeweza kufika. Niliogopa kufika na kukuta hakuna anayesema karibu."

Lile jani nililichomeka kwenye redio ya zamani, pale kifuniko cha kanda kilipong'oka, na tukampigia Kanuti. Alifika na gari lake la kubebea mizigo kabla vikombe havijapoa, akamkumbatia Sante, akampiga ngumi ya tumbo, akasema linalia kama debe. Tukakaa. Sante akatoa simu. "Nimeupata," akasema. "Dada Aliyechoka. Mzima."

Tulisikiliza vichwa vimeinama, kama zamani. Yule mwanaume bado alikuwa na ndizi ya moto mdomoni. Dada akaitikia. Tulipofika pale kanda ilipokuwa ikiisha, sote watatu, bila kupanga, tukasema "tk" kwa ulimi. Lakini wimbo uliendelea. Nilishika kiti. Miaka yote hiyo nilidhani kuna neno kubwa pale mbele, na Mama alidhani hivyohivyo. Hakukuwa na neno. Dada alirudia yaleyale, chini zaidi, na zaidi, mpaka akaisha. Mama alipokuwa akiuendeleza bandani, alikuwa ameutendea haki kuliko mwenyewe.

"Nimefikiria tangu Songea," Sante akasema. "Wa tatu ni huu. Naomba tufunge."

Nilimtazama Kanuti. Nilijua akikubali, hoja imekwisha, na sikujua tutakuwa tunapigiana simu kwa lipi. Kanuti alitikisa kichwa.

"Wa tatu napinga," akasema. Akatazama jikoni, kule ilikokuwa ikitoka sauti ya Mama. "Huu ni wa kwanza."

Sante aliruka kutoka kitini, mnene vile, kidole juu. "Faini! Amefufua! Kuku, umesikia, amefufua kesi! Debe!"

"Liko kwenye gari," Kanuti akasema, akiokota funguo. "Nimelipakia tangu asubuhi, uliponiambia unakuja na wimbo."

Na mimi nikainuka mwenyewe, nikatoka getini kwenda kulipokea, jambo ambalo wote wawili walilishuhudia, na ambalo tangu siku hiyo wanabishana kama kweli lilitokea.